Grandmasta, nambari moja na bingwa wa dunia: mambo matatu yanayochanganywa katika sataranji

Tangu Gukesh Dommaraju wa India atwae taji la dunia la sataranji mjini Singapore tarehe 12 Desemba 2024, akiwa na umri wa miaka 18, kuna swali ambalo halijaacha kuulizwa na wale wanaoufuatilia mchezo huu kwenye simu zao hapa Tanga: inakuwaje mtu aitwe bingwa wa dunia, ilhali mchezaji nambari moja wa dunia ni mwingine kabisa, Magnus Carlsen wa Norwe? Walio wepesi wa kuhukumu wamekwisha kusema kwamba taji hilo ni la kupewa, na wengine wanadai kwamba Carlsen alinyang'anywa. Madai yote mawili si ya kweli, na anayeyarudia anamdhulumu kijana aliyeushinda mchezo wake mbele ya macho ya dunia nzima.

Hata hivyo, mkanganyiko wenyewe unaeleweka. Watu wa Tanga ni wazoefu wa michezo ya ubao: kuna bao, na kuna drafti ambayo kuanzia Ngamiani hadi Chumbageni huchezwa barazani kwa vizibo vya soda, vya mmoja vikiwa vimelazwa chali na vya mwenziwe kifudifudi. Katika drafti ya barazani mambo yote hukusanyika kwa mtu mmoja, kwa kuwa anayewafunga wenziwe ndiye bora, ndiye mwenye jina, na ndiye anayebaki kitini mpaka apatikane wa kumnyanyua. Sataranji ya kimataifa, ambayo vijana wengi huiita chesi, imeyatenganisha mambo hayo na kuyapa kila moja utaratibu wake, chini ya usimamizi wa Shirikisho la Kimataifa la Sataranji, FIDE, lililoanzishwa mjini Paris mwaka 1924.

Mambo yenyewe ni cheo, kiwango na taji. Cheo ni heshima anayopewa mchezaji akishatimiza masharti fulani, na cha juu kabisa ndicho ugrandmasta. Kiwango ni namba inayoonyesha nguvu ya mchezaji kwa wakati uliopo, na mwenye namba kubwa kuliko wote ndiye tunayemwita nambari moja. Taji ni ubingwa wa dunia, ambao ni wa mtu mmoja tu kwa wakati mmoja. Mfikirie nahodha wa pale Deep Sea, wanakoshusha samaki. Cheti chake cha unahodha akishakipata ni chake hadi uzeeni. Sifa yake ya uvuvi hupanda msimu huu na kushuka msimu ujao kulingana na anacholeta pwani. Na pengine mwaka huu ameshinda resi za ngalawa, ushindi ambao hauna wawili. Hakuna mvuvi atakayeshangaa kusikia kwamba aliyeshinda resi siye anayeongoza kwa samaki.

Tuanze na cheo, kwa kuwa ndicho kinachotajwa ovyo zaidi. FIDE ilitoa cheo cha grandmasta kwa mara ya kwanza mwaka 1950, na waliopewa walikuwa wachezaji 27 tu. Leo waliokwisha kukipata wamepita 1,500, kwa hiyo grandmasta si bingwa wa dunia, wala si lazima awe maarufu hata nchini kwake. Masharti makuu ni mawili. La kwanza ni kufikisha kiwango cha alama 2500, walau mara moja. La pili ni kufanya vizuri kwa namna ya kipekee katika mashindano kadhaa, kwa kawaida matatu, ambapo mchezaji, kwa kawaida katika michezo tisa dhidi ya wapinzani wazito, baadhi yao wakiwa magrandmasta na baadhi wakitoka nchi nyingine, hucheza kama mtu mwenye alama 2600. Akishatimiza, cheo ni cha maisha. Hata akiwa na miaka 80 na hawezi tena kumfunga mjukuu wake, ataitwa grandmasta. Njia ya kukipoteza ni udanganyifu, kama ilivyomfika Igors Rausis wa Latvia, aliyekamatwa mwaka 2019 akitumia simu chooni katikati ya mashindano huko Strasbourg, Ufaransa, kisha akavuliwa cheo.

Chini ya grandmasta kuna masta wa kimataifa, kuna masta wa FIDE, na kuna masta mtarajiwa. Vipo pia vyeo vya wanawake pekee, vinavyohitaji alama chache zaidi, na hapa ndipo linapozaliwa kosa jingine tunalolisikia sana Afrika Mashariki. Phiona Mutesi, binti wa Katwe mjini Kampala aliyewahi kuuza mahindi mitaani na ambaye maisha yake yalitengenezewa filamu mwaka 2016, hutajwa mara kwa mara kuwa ni grandmasta. Si kweli. Alichokipata, baada ya mashindano ya timu za mataifa yaliyofanyika Istanbul mwaka 2012, ni cheo cha masta mtarajiwa wa wanawake. Kulisema hili si kumshusha. Kwa mtoto aliyejifunza mchezo bila shule ya uhakika wala chakula cha uhakika, chini ya mwalimu wake Robert Katende, cheo hicho ni kazi kubwa, na kinastahili kusifiwa kwa jina lake halisi badala ya kuvishwa jina la cheo kingine.

Mwanamke naye anaweza kuwa grandmasta kamili, kwa masharti yale yale ya wanaume. Wa kwanza kutambuliwa hivyo alikuwa Nona Gaprindashvili wa Georgia, mwaka 1978, baada ya kuwa bingwa wa dunia wa wanawake kwa miaka 16. Lakini anayefundisha zaidi katika jambo hili, kwa maoni yangu, ni Judit Polgár wa Hungaria. Alizaliwa Budapest mwaka 1976, akalelewa pamoja na dada zake wawili, Susan na Sofia, na baba aliyeamini kwamba kipaji hutengenezwa kwa malezi, na ambaye aliwasomesha nyumbani, sataranji ikiwa sehemu kuu ya masomo yao. Judit alipata ugrandmasta kamili mwaka 1991 akiwa na miaka 15 na miezi minne, akaivunja rekodi ya umri iliyokuwa ikishikiliwa na Bobby Fischer wa Marekani tangu 1958. Akapanda hadi nafasi ya nane duniani, wanaume na wanawake wakihesabiwa pamoja, na mwaka 2002 akamfunga Garry Kasparov wa Urusi, aliyekuwa nambari moja wa dunia, katika mchezo wa kasi mjini Moscow. Hata hivyo, Judit Polgár hajawahi kuwa bingwa wa dunia wa wanawake. Dada yake Susan amekuwa. Judit hakulitaka taji hilo, kwa sababu aliamua kushindana na kila mtu. Anayeangalia mataji pekee hatamwona mwanamke aliyecheza vizuri kuliko wote katika historia ya mchezo huu.

Sasa kiwango. Namba hizi huitwa alama za Elo, kwa jina la Arpad Elo, mwalimu wa fizikia aliyezaliwa Hungaria na kufanya kazi Milwaukee, Marekani, ambaye hesabu yake ilianza kutumiwa na FIDE mwaka 1970. Msingi wake ni mwepesi kuliko watu wanavyodhani: hesabu hutazama tofauti ya alama baina ya wachezaji wawili, ikakadiria matokeo kabla hawajakaa, kisha ikamlipa au kumtoza kila mmoja kwa kadiri matokeo halisi yalivyoachana na makadirio.

Tuchukue mfano. Mchezaji mwenye alama 1600 anakaa mbele ya mwenye 1800. Tofauti ni 200, na kwa tofauti hiyo hesabu inatarajia kwamba wakicheza michezo mia moja, mnyonge atavuna pointi 24 na mwenye nguvu 76, ushindi ukihesabiwa pointi moja na sare nusu. Kwa mchezaji wa kawaida, ambaye kila mchezo unaweza kumsogeza kwa alama zisizozidi 20, mnyonge akishinda atapanda alama 15 na kidogo, kwa sababu alifanya lisilotarajiwa. Akifungwa hatapoteza hata alama tano, kwa sababu kufungwa kwake kulitarajiwa. Wakitoka sare, mnyonge atapanda alama tano na mwenye nguvu atashuka tano, ingawa hakuna aliyemfunga mwenziwe. Ndiyo maana mara nyingine tunaona mchezaji amemaliza mashindano bila kupoteza mchezo hata mmoja na bado kiwango chake kimeshuka.

Kutokana na hilo yapo mambo mawili ya kushika. Kwanza, alama za Elo hazipimi akili ya mtu, hupima matokeo yake dhidi ya watu aliocheza nao. Pili, haziwezi kutumika kusema kwa hakika kwamba mchezaji wa zama hizi ni bora kuliko wa zama zile. Fischer alifika 2785 mwaka 1972, Kasparov 2851 mwaka 1999, na Carlsen 2882 mwaka 2014, ambayo ni ya juu kuliko zote zilizowahi kufikiwa katika sataranji ya muda mrefu. Lakini kila mmoja alipimwa kwa watu wa wakati wake. Fischer aliwaacha wenzake wa 1972 kwa umbali ambao Carlsen hakuwaacha wa kwake, na hoja ya nani zaidi haimalizwi kwa kutoa namba moja katika nyingine.

Taji lina historia ndefu zaidi na yenye vurugu zaidi. Bingwa wa kwanza rasmi alikuwa Wilhelm Steinitz, mzaliwa wa Prague, aliyemshinda Johannes Zukertort nchini Marekani mwaka 1886. Wakati huo taji lilikuwa kama mali ya mwenyewe. Bingwa alichagua wa kucheza naye, akataja fedha anazotaka, na asiyezipata fedha hizo alibaki kulitazama taji kwa mbali. Emanuel Lasker wa Ujerumani alikaa nalo miaka 27, kuanzia 1894 hadi 1921, alipofungwa na José Raúl Capablanca nyumbani kwa Capablanca, Havana. Capablanca alipolipoteza kwa Alexander Alekhine mwaka 1927 mjini Buenos Aires, alitafuta mchezo wa marudiano hadi mwisho wa maisha yake na hakuupata. Alekhine alimpa nafasi Max Euwe wa Uholanzi, mwalimu wa hisabati, ambaye alilitwaa taji mwaka 1935 na kulipoteza kwa Alekhine huyo huyo miaka miwili baadaye.

Mwaka 1946 Alekhine alifariki nchini Ureno akiwa bado bingwa. Taji likakosa mwenyewe, na FIDE ikapata nafasi ya kuliwekea utaratibu. Mwaka 1948 wachezaji watano walishindanishwa The Hague na Moscow, na mshindi akawa Mikhail Botvinnik wa Umoja wa Kisovieti. Tangu hapo ukajengwa mfumo ambao kiini chake kipo hadi leo: wachezaji bora hupitia mashindano ya mchujo, wanane kati yao hukutana katika mashindano ya wateule, na mshindi wa hayo ndiye pekee mwenye haki ya kumkabili bingwa. Haijalishi ni wa ngapi katika orodha ya viwango.

Mfumo huo ndio unaojibu swali letu, kwa sababu unamtaka bingwa akae mezani. Akikataa, taji linaendelea bila yeye. Fischer alikuwa wa kwanza kuonyesha jinsi hali hiyo inavyokuwa. Mwaka 1972 mjini Reykjavik, alipoteza mchezo wa kwanza dhidi ya Boris Spassky, hakutokea katika wa pili, kisha akageuka na kushinda kwa pointi 12.5 kwa 8.5. Miaka mitatu baadaye alitoa masharti ambayo FIDE haikuyakubali yote, akakataa kucheza, na Anatoly Karpov akawa bingwa bila kusogeza kete. Wapo waliosema Karpov ni bingwa wa karatasi. Aliwajibu kwa kushinda mashindano mfululizo kwa muongo mzima, mpaka Kasparov alipomshinda mwaka 1985.

Kisha mwaka 1993 Kasparov na Nigel Short wa Uingereza walijitenga na FIDE ili waandae pambano lao wenyewe. FIDE ikamvua Kasparov taji lake, na kwa miaka 13 dunia ikawa na mabingwa wawili kwa wakati mmoja. Haya ndiyo yaliyozaa hoja ya rekodi ya Gukesh. Kuna wanaosema si bingwa mdogo kuliko wote, kwa kuwa Ruslan Ponomariov wa Ukraine alishinda taji la FIDE mwaka 2002 akiwa na miaka 18 pia, lakini mdogo zaidi kuliko Gukesh. Wanasema kweli, lakini taji lile lilikuwa moja kati ya mawili. Aliyelishika taji la pili wakati huo, Vladimir Kramnik wa Urusi, alikuwa amemshinda Kasparov London mwaka 2000 bila kufungwa hata mchezo mmoja. Mataji yaliunganishwa mwaka 2006, na katika taji moja lisilogawanyika rekodi ya kabla ya Gukesh ilikuwa ya Kasparov, aliyekuwa na miaka 22. Ni vyema pia kukumbuka kwamba Kasparov, baada ya kushindwa na Kramnik, aliendelea kuwa nambari moja wa dunia hadi alipostaafu mwaka 2005. Kwa miaka hiyo mitano bingwa alikuwa mmoja na nambari moja mwingine. Hali tunayoishangaa leo si mpya.

Carlsen alimshinda Viswanathan Anand wa India mjini Chennai mwaka 2013, akalitetea taji mara nne, na Julai 2022 akatangaza kwamba hatalitetea tena, akieleza kwamba hana hamasa ya kucheza pambano jingine. Hakunyang'anywa. Aliliacha, kisha akaendelea kucheza mashindano mengine na kushika nafasi ya kwanza katika viwango, nafasi ambayo ameikalia mfululizo tangu 2011. Aprili 2023, Ding Liren wa Uchina alimshinda Ian Nepomniachtchi wa Urusi mjini Astana na kuwa bingwa. Gukesh, mzaliwa wa Chennai aliyepata ugrandmasta akiwa na miaka 12 na miezi saba, alishinda mashindano ya wateule mjini Toronto Aprili 2024 na kupata haki ya kumkabili Ding. Walipokutana, Gukesh alikuwa wa tano katika orodha ya dunia, na Ding, bingwa mtetezi, alikuwa nje ya ishirini bora.

Walicheza michezo 14. Waliingia katika wa mwisho wakiwa sawa, na kwa muda mrefu ulionekana kuelekea sare: kila mmoja alibakiwa na mfalme, ngome na askofu, Gukesh akiwa na askari mmoja zaidi ambaye peke yake hakutosha kumpa ushindi. Katika hatua ya 55 Ding aliipeleka ngome yake mahali palipomruhusu Gukesh kuilazimisha ibadilishwe, na askofu wa Ding, aliyekuwa amekaa pembeni kabisa mwa ubao, akawa hana pa kukimbilia. Vikibadilishwa vyote, wafalme hubaki na askari tu, na hapo askari mmoja wa ziada ni ushindi. Gukesh alipoliona kosa hilo, uso wake ulibadilika na kila mtu akaona. Hatua chache baadaye Ding alikubali kushindwa, na kijana akalia pale pale mezani. Hivyo ndivyo taji linavyopatikana: kwa karibu wiki tatu za kukaa mezani na kutoinuka mpaka mwenzako akosee. Nambari moja anaweza kuwa na nguvu kuliko wote na bado asiwe nalo, kwa sababu hakukaa.

Jambo jingine linaloongeza utata ni kwamba yapo mataji ya dunia ya mchezo wa kasi na ya mchezo wa kasi zaidi, na kila aina ina orodha yake ya viwango. Carlsen ameyashinda mataji hayo mara nyingi, kwa hiyo gazeti linaweza kumwita bingwa wa dunia bila kusema uongo, kama mwandishi atataja ni wa mchezo upi.

Yapo pia madai kuhusu maisha ya wachezaji yanayostahili kuwekwa sawa. Hutajwa sana kwamba sataranji humpeleka mtu kwenye wazimu, na mifano ni Steinitz, aliyefia katika hospitali ya wagonjwa wa akili New York mwaka 1900, na Fischer, aliyeishi akiikimbia Marekani baada ya kuvunja vikwazo dhidi ya Yugoslavia mwaka 1992, akajaa maneno ya chuki, na kufariki Iceland mwaka 2008. Lakini Euwe alirudi kufundisha na baadaye akawa rais wa FIDE, Botvinnik alikuwa mhandisi wa umeme, Vasily Smyslov, aliyewahi pia kuwa bingwa wa dunia, alikuwa na sauti nzuri ya kuimba opera, na Bassem Amin wa Misri, Mwafrika wa kwanza kupita alama 2700, ni daktari wa tiba. Ugonjwa wa akili huwapata watu wa kazi zote, na haifai kuutafutia sababu ubaoni.

Dai la utajiri nalo halina msingi. Pambano la Singapore lilikuwa na zawadi za dola milioni 2.5, lakini hizo ni za watu wawili. Magrandmasta wengi hujikimu kwa kufundisha, kuandika na kusafiri kutoka shindano hadi shindano, na Steinitz mwenyewe, bingwa wa kwanza, alikufa maskini.

Kwa kijana wa Tanga anayeuliza pa kuanzia, jibu ni kiwango kwanza. Cheo hakiombwi bila alama, na alama hazipatikani kwa michezo ya kwenye simu, bali katika mashindano yaliyosajiliwa na FIDE, dhidi ya wachezaji wasiopungua watano ambao tayari wana viwango. Mzambia Amon Simutowe, aliyetambuliwa kuwa grandmasta mwaka 2009, alipitia njia hiyo hiyo, na kizuizi kikubwa kwa Waafrika wengi walio nyuma yake si uwezo wa kufikiri. Ni nauli, kwa sababu sharti la kucheza na magrandmasta na watu wa mataifa mengine humlazimu mchezaji kusafiri, isipokuwa pale chama cha nchi yake kinapoandaa mashindano ya kimataifa nyumbani na kuwaleta wapinzani hao mlangoni kwake.